Nairuzi na Miongo: Hesabu ya Mwaka wa Mabaharia wa Pwani

Mtu akitaka kubuni dunia iliyo bahari tupu, yenye visiwa vichache vilivyotawanyika, na wenyeji wasiojua nchi ila pale watiapo nanga, jambo la kwanza litakalomsumbua ni hesabu ya siku. Watu hao watahesabu kwa nini? Watunzi wa hadithi wamejaribu kazi hiyo mara nyingi, wakaipa miezi majina ya ajabu na mwaka siku zisizolingana na zetu. Sisi twaona hapana haja ya kwenda mbali hivyo. Katika pwani hii, tangu Lamu hata Kilwa, imekuwako kalenda ya watu wa bahari, ambayo hakuna mtu mmoja awezaye kusema ameibuni, nayo ina mambo ya kustaajabisha kuliko yale ya hadithi. Mabaki yake yamo katika lugha tunayofundishia kila siku, na wengi wetu twayatamka pasipo kujua tutamkalo.

Yatupasa kwanza kuwakumbusha wasomaji kwamba watu wa pwani hawakuwa na hesabu moja, bali kadhaa zilizokaa nyumba moja bila kugombana. Iko hesabu ya saa na siku, iko ya juma, iko ya mwezi, na iko ya mwaka wa jua. Kila moja ina asili yake na kazi yake.

Habari ya saa hatutakawia nayo. Siku huanza jua litakapotua, na saa ya kwanza ya usiku ni ile ifuatayo magharibi. Karibu na ikweta mchana na usiku hulingana karibu mwaka mzima, basi hesabu hiyo haina taabu. Waliofasiri Injili waliikuta tayari imefanana na hesabu ya saa iliyomo katika maandiko yenyewe, hata saa tisa ya Kalvari ikabaki kuwa saa tisa bila maelezo, neno ambalo wafasiri wa Ulaya hawakulipata katika lugha zao. Lakini mwalimu mgeni na aangalie: akitangaza ibada ya usiku wa Jumapili, wazee watakuja Jumamosi baada ya magharibi, naye ataona kanisa tupu siku ya pili yake.

Juma nalo lina mchezo wake. Twahesabu kutoka Ijumaa: Jumamosi ni ya kwanza, Jumapili ya pili, hata Jumatano ambayo ni ya tano. Kisha yafuata Alhamisi, neno la Kiarabu, ambalo maana yake pia ni ya tano, kwa kuwa Waarabu huanza hesabu yao siku ya Jumapili. Kwa hiyo juma letu lina siku za tano mbili zilizofuatana, na ya sita haina. Wanafunzi wenye akili huuliza habari hii, na ni vema mwalimu awe na jibu: hesabu mbili zilikutana njiani, na watu hawakuona haja ya kuipatanisha moja na mwenzake.

Mwezi ni wa kuandama, kama ilivyo kwa Waislamu wote, lakini majina yake ni ya hapa. Rajabu, Shaabani na Ramadhani zimeshika majina ya Kiarabu. Miezi tisa iliyobaki huhesabiwa tangu watu walipofungua saumu: mfunguo mosi, mfunguo pili, hata mfunguo tisa. Mfunguo tatu ndio mwezi wa Hija, na mfunguo sita ndio wa Maulidi. Kwa mtu wa bahari mwezi una kazi kubwa, maana maji hufuata mwezi. Mwezi ukiandama, na tena ukiwa mpevu, bahari hujaa sana na kupwa sana, ndiyo bamvua. Kati yake maji ni mafu. Jahazi likihitaji kusuguliwa tumbo na kupakwa deheni, hupandishwa pwani wakati wa bamvua, likakaa juu ya mchanga maji yakipwa. Wanawake waendao mwambani kutafuta pweza na makombe nao huhesabu siku za mwezi kwa sababu hiyo hiyo.

Walakini kuna swali ambalo mwezi hauwezi kulijibu, nalo ni swali la upepo. Miezi 12 ya kuandama ni siku 354 au 355, nayo hupungua kama siku 11 katika mwaka wa jua. Ramadhani huzunguka majira yote katika muda wa miaka 33 hivi. Leo imeangukia kaskazi, baada ya miaka kadhaa yaangukia kusi. Nahodha akiambiwa, Safiri mfunguo tisa, hajaambiwa kitu.

Na upepo ndio uliokuwa uzima wa pwani hii. Wasomaji walio bara huenda hawajui, basi twaeleza kwa ufupi. Kuanzia Desemba hata Machi huvuma kaskazi, inayotoka upande wa Arabuni na Bara Hindi. Kuanzia Aprili upepo hugeuka, huvuma kusi hata Septemba na zaidi. Kati ya hizo mbili ni tanga mbili, upepo usiokuwa na msimamo, na mwisho wa kusi, bahari ikianza kutulia, huitwa demani. Majina ya pepo hizo yamekuwa majina ya majira, na yamekuwa tena majina ya pande za dunia, kaskazini na kusini. Kwa mtu wa pwani upande, upepo na wakati ni neno moja. Vyombo vilishuka na kaskazi vikiwa na tende, chumvi, vitambaa na vyungu, vikarudi na kusi vikiwa na boriti, pembe na nafaka. Wala si kusi yote iliyofaa. Katikati yake, Juni na Julai, bahari ya Arabuni na ya Malabari huchafuka hata bandari nyingi zilikuwa zikifungwa. Ilikuwa lazima kuondoka mwanzo wa kusi au kungoja mwisho wake. Aliyekosea majuma machache alikaa miezi mingi ugenini akila mtaji wake, au alitoka akapotea.

Mfano ulio wazi kuliko yote umo katika safari ya Vasco da Gama, na twashangaa ya kuwa vitabu vya shule huupita. Mreno huyu alitoka Malindi tarehe 24 Aprili 1498, akiwa na mwongozaji aliyepewa na mfalme wa Malindi, akafika karibu na Calicut tarehe 20 Mei. Siku 26 tu. Wakati wa kurudi hakuwa na mtu wa kumshauri, au hakutaka kushauriwa. Alitoka Calicut mwishoni mwa Agosti, akaiacha pwani ya Hindi tarehe 5 Oktoba, kabla kaskazi haijaja. Hakuiona pwani ya Afrika hata Januari 1499, akafika Malindi tarehe 7 ya mwezi huo. Njia ile ile, bahari ile ile, lakini kwa miezi mitatu badala ya majuma manne, na watu wapata 30 walikufa kwa ugonjwa wa fizi kati ya bahari. Waliosalia wenye nguvu ya kushika kamba hawakutosha. Merikebu moja ikachomwa moto baadaye kwa kukosa mabaharia.

Basi mwongozaji wa Malindi alijuaje siku ya kutoka? Mwandishi wa Kireno João de Barros amwita mtu wa Gujarati, na jina aliloliandika ni Malemo Cana. Wengine wamesema sana kwamba alikuwa Ahmad bin Majid mwenyewe, bingwa wa mabaharia wa Arabuni, lakini wataalamu wengi siku hizi hawakubali, na sisi twaona wana haki. Lililo muhimu ni lile neno Malemo. Ni muallimu, yaani mwalimu. Katika bahari ya Hindi mwalimu alikuwa mtu ajuaye nyota, njia na siku, aliyekiongoza chombo hali nahodha akiangalia mali na watu. Sisi tuitwao walimu leo twabeba cheo kilichotoka baharini, ingawa wengi wetu hatujui kuogelea.

Hesabu ya mwalimu huyo ilikuwa ni ya Nairuzi. Neno ni la Kiajemi, maana yake siku mpya. Kwa Kiswahili huitwa Siku ya Mwaka. Mwaka wa Nairuzi una siku 365, hazizidi wala hazipungui. Hauna miezi yenye maana kwa baharia. Huhesabiwa siku moja moja tangu Nairuzi, na siku hukusanywa kumi kumi, kila kumi ni muongo mmoja. Miongo 36 ni siku 360. Kisha huongezwa 5, na mwaka umetimia. Wafuasi wa Zarathustra walizipa siku hizo tano majina ya Gatha, tenzi zao takatifu. Ahmad bin Majid, mtu wa Julfar katika nchi ya Ras al-Khaimah, alipoandika kitabu chake kikubwa cha ubaharia yapata mwaka 1490, aliweka nyakati zote za kusafiri kwa hesabu hiyo: kutoka bandari fulani katika siku ya kadha wa kadha ya Nairuzi.

Hapa twataka kusimama kidogo kwa ajili ya neno muongo. Walioandika habari za pwani wamezoea kusema kwamba kalenda hii ni ya Kiajemi tangu mwanzo hata mwisho. Nairuzi ni Kiajemi, hatubishi. Lakini muongo si Kiajemi wala si Kiarabu. Wakikuyu wakitaka kusema ishirini husema makumi mawili kwa neno mirongo. Wakamba husema miongo. Wanyarwanda wakihesabu thelathini na kuendelea hutumia mirongo. Ni neno la Kibantu la kale sana lenye maana ya kumi, nalo limebaki kwetu katika miongoni, ambayo asili yake ni katika hesabu ya. Twasemapo miongoni mwa watu twasema katika hesabu ya watu. Kwa hiyo mwaka huu ulipata jina na siku yake ya kwanza kwa wageni, na chombo cha kuhesabia kwa wenyeji, waliokuwa wakihesabu kumi kumi kabla ya tanga la kwanza la mgeni kuonekana.

Sisi wenyewe tulijifunza neno hili kwa aibu. Tulipokuwa tukifundisha hesabu za miaka, tuliwaambia wanafunzi kwamba muongo ni miaka kumi, kama magazeti yaandikavyo siku hizi. Mzee mmoja aliyekuwa akingoja mjukuu wake mlangoni akauliza kwa upole ni mtu gani awezaye kupanda mtama kwa muongo wa miaka kumi. Tulidhani amekosea. Baadaye tuliona kwamba magazeti, na sisi pamoja nayo, tumelitwaa neno lililokuwa na kazi yake na kulipa kazi nyingine, hata ile ya kwanza ikasahauliwa.

Sasa twaja penye fundo la jambo. Mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo. Mwaka wa Nairuzi hauna siku ya kuongezwa kila baada ya miaka minne, basi hurudi nyuma siku moja kila miaka minne, kama siku 25 kila miaka 100, na huzunguka majira yote katika miaka 1,460 hivi. Je, hili ni kosa la watu wasiojua jua? Wako waandishi waliosema hivyo. Sisi hatuoni hivyo, na sababu yetu ni hii.

Siku 365 ni majuma 52 na siku moja. Mwaka ulioanza Jumatatu, wa pili wake huanza Jumanne, wa tatu Jumatano, na kuendelea bila kuruka hata siku moja milele. Ndiyo maana huko Unguja mwaka ulipewa jina la siku ulioanzia, mwaka wa Ijumaa, mwaka wa Jumamosi, na wazee waliagua mvua na mavuno kwa jina hilo. Tazama jinsi mnyororo huu ulivyo na nguvu. Mtu asiyejua kuandika, akiwa katika chombo miezi mingi, aweza kuitunza hesabu kichwani. Na akipotewa na siku, jina la mwaka na siku ya juma vitamkosoa, kwa kuwa kila siku ya mwongo ina siku yake ya juma mwaka mzima. Ongeza siku moja kila mwaka wa nne, na mnyororo umekatika. Itahitajiwa kitabu, na mtu wa kukitunza kitabu. Kanisa la Magharibi lilikuwa na vitabu na watunzaji wengi, hata hivyo hesabu yake ilipotoka, ikambidi Papa Gregorio wa 13 kuzifuta siku 10 mwaka 1582. Na mataifa mengine yalikataa kumfuata kwa zaidi ya miaka 100.

Lakini nguvu hiyo ilikuwa na gharama yake, na gharama ni maisha ya watu. Katika siku za bin Majid, Nairuzi iliangukia katikati ya Novemba kwa tarehe za wakati ule, yaani karibu na 23 Novemba kwa kalenda tunayoitumia sasa. Siku ya 150 ilikuwa kama 21 Aprili, kusi ikianza, wakati mwema wa kutoka pwani yetu kwenda Hindi. Vasco da Gama alitoka Malindi ndani ya mwongo wa 16 au wa 17 kwa hesabu hiyo, na yalikuwa majira yake hasa. Sasa mtu akikichukua kitabu kile kile leo, akahesabu siku 150 tangu Nairuzi ya Unguja ambayo huangukia Julai, atafika katikati ya Desemba. Atatweka tanga kwenda Hindi na kaskazi yote ikimpiga usoni. Kitabu hakikusema uongo, na hesabu haikukosewa; umri ndio uliopita kati yake. Kwa hiyo kila kizazi cha walimu wa bahari kililazimika kusahihisha namba za baba zao, siku sita au saba katika maisha ya mtu mmoja wa baharini. Aliyerithi namba bila kurithi mazoea ya kuzirekebisha alirithi mauti.

Walirekebisha kwa nini? Kwa nyota. Hizo hazikurudi nyuma kama Nairuzi. Kilimia ni mfano ajuao kila mkulima, na jina lake latoka katika kulima. Hutoweka magharibi jioni katika Aprili na Mei, hukaa pamoja na jua siku kama 40, kisha huonekana tena alfajiri upande wa mashariki katika Juni. Wazee husema kwamba kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Mkulima aliridhika nacho. Baharia alihitaji vyote viwili, nyota ya kumwambia majira yamefika, na hesabu ya kumwambia amebakiwa na siku ngapi kabla hayajafika, ili anunue, apakie na kulipa madeni.

Tumesema Nairuzi ya Unguja huangukia Julai. Askofu Steere, katika kitabu chake cha lugha ya Unguja kilichotoka mwaka 1870, kabla hajawa askofu, aliikuta katika sehemu ya mwisho ya Agosti. Tangu mwaka huo hata 2020 zimepita siku za kuongezwa 37, maana mwaka 1900 haukuwa na siku hiyo. Ondoa siku 37 katika 23 Agosti, nawe wafika 17 Julai. Watu wa Makunduchi, kusini mwa kisiwa, huadhimisha mwaka wao katikati ya Julai au baadaye kidogo. Basi wameitunza hesabu kwa miaka 150 pasipo chuo wala mtambo, na tofauti ni ya siku chache tu.

Kuna jambo jingine katika tarehe hiyo ambalo twadhani lina uzito kwa historia. Wafuasi wa Zarathustra waliokimbilia Hindi, ndio Maparsi, waligundua katika karne ya 18 kwamba mwaka wao umechelewa mwezi mzima nyuma ya ule wa ndugu zao waliobaki Uajemi. Mwaka 1745 wengine huko Surat waliishika hesabu ya Uajemi, wengine wakakataa, na mgawanyiko ukawa wa kudumu. Sasa Nairuzi ya Unguja hailingani na ile ya Maparsi walio wengi, iliyo katika Agosti sasa. Yakaribiana na ile ya Uajemi, iliyo katika Julai. Kama hesabu yetu ingaliletwa na wafanyi biashara wa Kiparsi kutoka Gujarati, ingalikuwa na mwezi ule wa ziada. Hivyo ilikuja kwa njia ya ghuba ya Uajemi. Wenye kusimulia asili ya Kishirazi watafurahi kusikia hayo, lakini na wasifurahi kupita kiasi: hesabu yaweza kuletwa na baharia aliyekaa msimu mmoja tu na kurudi kwao. Tarehe hutuonyesha njia ya chombo, wala haituonyeshi damu ya watu.

Wala jina la Nairuzi si la Waajemi na Waswahili peke yao. Wakristo wa Misri, ndugu zetu Wakopti, huiita Nairuzi siku ya kwanza ya mwaka wao, tarehe 11 Septemba, nao huhesabu miaka ya mashahidi tangu mwaka 284. Mwaka wao pia una siku 5 mwishoni, ila wao huongeza ya sita kila mwaka wa nne, basi wao hawasogei.

Desturi za Siku ya Mwaka zastahili makala yake peke yake; hapa twazigusa tu. Steere aeleza kwamba watu walioga baharini asubuhi, wakapika nafaka na kunde pamoja katika chungu kikubwa, kila apitaye akala. Moto wote wa nyumbani ulizimwa ukawashwa upya kwa kupekecha vijiti. Na ugomvi wa zamani uliachiliwa kupiganwa siku hiyo. Huko Lamu ng'ombe alizungushwa mji kabla ya kuchinjwa. Makunduchi wangali wakiita sikukuu yao Mwaka Kogwa, yaani mwaka umeoshwa. Watu wa pande mbili, kaskazini na kusini, hupigana kwa vipande vya migomba hata chuki iishe. Kisha kibanda cha makuti huchomwa moto na mtu yumo ndani, naye hukimbia atoke salama, na wanawake huimba. Wamisionari wa kwanza waliona humo ushenzi mtupu. Sisi twaona pia watu waliojua kwamba mwaka mpya hauwezi kuanza ikiwa majirani hawajamaliza deni la mwaka wa kale, wakaliwekea siku yake.

Baharini hesabu ilikwisha mapema kuliko nchi kavu. Meli ya moshi haikuuliza upepo. Hata hivyo majahazi makubwa yaliendelea. Alan Villiers wa Australia alipanda chombo cha Kuwait mwishoni mwa mwaka 1938, akashuka nacho kutoka Aden na kaskazi hata Unguja na mikoko ya Rufiji, akarudi nacho na kusi mwaka 1939, kisha akaandika kitabu. Baada ya vita injini ziliwekwa ndani ya majahazi yenyewe, na kijana wa baharini akawa hana sababu ya kumwuliza baba yake leo ni mwongo wa ngapi.

Twawasihi walimu walio Makunduchi, Pemba, Tumbatu, Lamu na Kilwa wawaulize wazee maneno mawili, na kutuletea majibu kama walivyoyasikia bila kuyatengeneza: mwaka huu waitwa kwa siku gani ya juma, na leo ni siku ya ngapi katika mwongo wa ngapi. Wasiogope majibu yakitofautiana. Mahali palipopotea siku moja pataonekana kwa jina la mwaka, maana litakuwa nyuma au mbele ya majirani kwa siku moja. Na tukijua ni visiwa gani vyapatana na ni vipi vimeachana, tutaweza kujua ni wapi hesabu ilipokatika.